Hodi ya Ndani

Mashuka ya wodi ya wazazi hukunjwa na watu wawili, lakini asubuhi ile mwenzake na mpiga pasi alikuwa amekwenda kumzika mjomba ambaye alishamzika mwaka jana, kwa hiyo mpiga pasi alibana ncha moja kwa kidevu na kukunja peke yake. Mashine ya kukausha ilikuwa imekufa tena. Redio ilikuwa dirishani, imefungwa kwa kamba isije ikaanguka kwenye pipa la sabuni, na mtangazaji alisema kwamba sasa tutausikia "Mlango u Wazi", ule ule wa zamani, ila safari hii umerudiwa na Chiriku.

Wimbo wenyewe hakuna asiyeujua. Ulitoka wakati mpiga pasi angali mtoto wa kunyonya, ukapigwa na bendi ya vijana wenye suruali pana chini na nywele za kufika mabegani, magitaa ya umeme na dramu, na tangu hapo haujapata likizo. Mwanamume mwenye sauti ya kukwaruza anafika mlangoni: "Hodi mpenzi, nimerudi." Mwanamke anamwitikia kutoka mbali, sauti kama ya mtu aliyemo kisimani: "Karibu, mlango u wazi." Ni hayo tu, na yalitosha kuwaozesha watu wengi. Ila utamu wake hasa uko karibu na mwisho, pale magitaa yanaponyamaza na kusikika mtu akigonga: ngo, ngo, ngo-ngo. Hapo kila mtu hugonga alichonacho. Dereva hugonga usukani, kinyozi hugonga kitana kwenye kiti, na wako wanaoapa kwamba hakimu mmoja aliwahi kugonga nyundo yake, na mshitakiwa akapelekwa gerezani kabla hukumu haijasomwa.

Chiriku alikuwa binti mwenye sauti nyembamba na wafuasi wengi. Aliimba sehemu ya mwanamume, akaiacha ya mwanamke kama ilivyo katika kanda ya zamani. Fundi mitambo wake, kijana makini, aliisafisha kanda ile, akakuta kule kugonga kumelaliwa na dramu, akakunyanyua na kukuleta mbele kabisa. Hakukusudia ubaya. Alikuwa kazini, na madhara mengi ya dunia hii hufanywa na watu walio kazini.

Basi siku ile magitaa yaliponyamaza, kugonga kulisikika redioni, kisha kukahamia kwenye kabati la mashuka.

"Kafungue," alisema msimamizi wa chumba cha kufulia, mama mnene asiyependa kelele. "Watatuvunjia bawaba."

Mpiga pasi alifungua. Kwenye rafu ya chini alikaa mwanamke kijana, magoti yamegusa kidevu, nywele kazitimua kwa mtindo ambao siku hizi unaonekana kwenye picha tu. Blauzi yake ilikuwa na madoa mawili ya unyevu kifuani.

"Shikamoo, mama. Wimbo umeisha?"

Mpiga pasi alitega sikio. Redioni wanamuziki walikuwa wakiendelea kupiga huku sauti ikipungua, ikipungua, mpaka mtangazaji akaingilia na tangazo la magodoro. Toleo jipya lilifuata la zamani hata katika hilo: halikumalizika, lilififia tu.

"Marahaba. Bado," alisema, kwa sababu hakuwa na tabia ya kusema uongo akiwa kazini.

"Asante, mama," alisema yule kijana, akajivutia mlango.

Msimamizi aliuliza ni nani. Mpiga pasi akasema ni mtu anayesubiri wimbo uishe. Msimamizi akasema basi asiguse mashuka yaliyokwisha kupigwa pasi, na kazi ikaendelea. Alasiri, walipoyatoa mashuka ya rafu ya chini, walikuta yananuka maziwa, ikabidi yafuliwe upya.

Wiki hiyo hakukuwa na nyumba isiyopata zamu yake. Wimbo ukipigwa, mlango uliokuwa karibu zaidi hugongwa kwa ndani, uwe wa kabati, wa stoo, wa jokofu au wa gari lililoegeshwa. Mwanzoni watu waliitikia "Karibu!" kwa mazoea, lakini hakuna aliyeingia, kwani aliyegonga hakuwa nje. Hodi hubishwa na anayetaka kuingia. Kwa anayetaka kutoka, lugha haijaweka jibu. Watu walijifunza kufungua, kusema "Bado, dada," na kufunga. Wazee walisema "Bado, mwanangu," na watoto walisema "Bado, shangazi," bila kunyanyua macho kwenye michezo yao. Mwenye duka la majokofu alilalamika kwamba mteja akifungua kuona nafasi, anakuta imekaliwa. Mafundi seremala walianza kuuza milango iliyobandikwa sponji. Redio ilieleza kwamba hali ni ya kawaida na inatokana na ubora wa toleo jipya.

Mpiga pasi aliishi na mama yake mdogo, aliyemlea tangu uchanga. Mama yake mzazi, kwa jinsi alivyosimuliwa, alikuwa mwimbaji asiye na haya aliyeondoka na mwanamume katika gari jeupe, akamwacha mtoto na chupa ya maziwa. Hakuna aliyemficha habari hiyo. Alitupiwa usoni kila alipovunja kikombe, kila alipochelewa kutoka shule, na mchumba wake wa pekee alipoanza kusitasita, mama mkwe mtarajiwa alisema wazi kwamba mtoto wa nyoka ni nyoka. Asiyekuwepo na lake halipo, na mama yake hakuwepo, kwa hiyo kila aliyetaka kumwekea lawama alimwekea.

Jumapili moja mama mdogo alikuwa akimenya viazi chumbani, miguu ameiloweka kwenye beseni, wakati jirani alipofungulia redio. Kabati likagongwa.

"Kikulacho ki nguoni mwako," alisema, akanyanyuka na miguu yake iliyolowa akaenda kufungua.

Kati ya magauni alisimama yule kijana. "Shikamoo, mama. Wimbo umeisha?"

Mama mdogo alimtazama kwa muda mrefu. Maji ya viazi yalimchirizika mpaka kwenye viwiko.

"Marahaba," alisema. "Bado." Akafunga kabati, akarudi kukaa, akamenya kiazi kimoja mpaka kikabaki kama kokwa. Kisha akamwita mpiga pasi aliyekuwa uani.

"Dada yangu ameniamkia," alisema. "Mimi ndiye mdogo. Mimi ndiye niliyekuwa nikimwamkia."

"Dada yako yupi?"

"Nina wangapi? Mama yako. Yumo humo kabatini, hajazeeka hata chembe. Na blauzi ile ni yangu, niliitafuta sana."

Mpiga pasi aliegemea fremu ya mlango. "Si ulisema alifuata mwanamume?"

"Ndivyo tulivyoambiwa. Kapteni wa bendi mwenyewe alikuja, kofia mkononi, akasema wamemaliza kurekodi akamwona akipanda gari jeupe. Tungebisha vipi? Mtu mkubwa, na kofia mkononi." Akaanza kulia bila sauti, na kisu bado mkononi. Alikuwa amemtukana dada yake katika maisha yote ya mtoto yule, na sasa hakujua ayaweke wapi matusi hayo. Maji yakimwagika hayazoleki.

Siku ya pili yake mpiga pasi alisubiri kazini mbele ya kabati la mashuka. Ulipopigwa wimbo, alifungua kabla ya kugongwa mara ya tatu, akachuchumaa.

"Shikamoo, mama," alisema yule kijana. "Wimbo umeisha?"

"Bado, mama," alisema mpiga pasi. Hilo neno hakuwahi kulitumia kwa mtu yeyote nyumbani. "Kwani umo humu kwa nini?"

"Mimi ni mwitikiaji. Kapteni anataka sauti yangu iwe mbali. Amesema nikae humu mpaka wimbo uishe, mlango usije ukafunguliwa kelele zikaingia kwenye kanda." Alivuta blauzi iliyomganda kifuani. "Hewa imekuwa nzito, ndiyo maana nagonga. Na nina mtoto nimemwacha kwa mdogo wangu. Muda wake wa kunyonya umepita, ona nilivyolowa."

"Mtoto huyo ni mimi."

Yule kijana alimtazama, akaziona mvi zake pembezoni mwa kilemba, akatabasamu kwa adabu, kama anavyotabasamiwa mtu mzima aliyechanganyikiwa kidogo. "Wangu hajaota meno, mama," alisema, na akafunga.

Hivyo ndivyo walivyozoea kuitana. Kila mmoja alimwita mwenzake mama, na kila mmoja alikuwa na sababu yake.

Mpiga pasi alikwenda kituo cha polisi. Askari wa zamu alimsikiliza mpaka mwisho, akiwa na redio ndogo mezani, na kabati lake la vyuma lilipogongwa alifungua droo, akasema "Bado, dada," akaifunga kwa goti.

"Huyo ndiye," alisema mpiga pasi.

"Namjua. Hata nyumbani kwangu huja." Askari alijikuna shingo. "Sasa tatizo lako liko wapi? Ukisema amepotea, huyo hapa. Aliyepotea hapatikani kwenye droo. Ukisema ameuawa, ameniamkia sasa hivi, na mimi maiti haijawahi kuniamkia. Kufungiwa? Sijaona kufuli. Anafunga mwenyewe."

"Alifungiwa na Kapteni."

Askari alipunguza sauti ya redio. "Mama, yule mzee ameupigia taifa muziki. Nenda ukamwone kwa utaratibu. Mwenye nguvu mpishe."

Kapteni hakuwahi kuongoza meli wala jeshi, aliitwa hivyo kwa ajili ya kofia. Nyumba yake ilikuwa kubwa, na haikuwa na mlango hata mmoja. Mlango wa mbele ulikuwa pazia zito, vyumba vyote vilikuwa mapazia, nguo zake zilining'inia kwenye kamba sebuleni, na chakula kiliwekwa juu ya meza wazi kikifunikwa kwa kawa. Majirani walisema ni mzee mkarimu anayependa hewa. Mpiga pasi alisimama mbele ya pazia akabisha hodi.

"Karibu, mlango u..." ilijibu sauti ya kukwaruza, ikakatika. "Karibu ndani."

Alikuwa mzee msafi mwenye vidole virefu. Alimkaribisha kiti, akamtazama, akasema, "Umechukua masikio yake," na baada ya hapo hakukana lolote. Kwa kweli mpiga pasi alikuwa amejiandaa kwa mtu wa kukana. Alikuwa amekariri maneno makali njia nzima, na yote yakakosa kazi.

"Studio yetu ilikuwa bucha ya zamani," alisema Kapteni. "Tukamweka kwenye chumba cha baridi. Mashine ya baridi tuliizima, ilikuwa inanguruma kwenye kanda. Mlango wake ulikuwa mnene hivi, unafunguka kwa nje tu. Nyama haina haja ya kutoka."

"Akagonga."

"Akagonga."

"Mkamsikia?"

"Tulimsikia vizuri sana." Macho yake yaling'aa kidogo, na mpiga pasi aliona kwamba hata sasa jambo lile lilikuwa likimfurahisha. "Alikuwa kwenye mapigo. Mpiga dramu alinikonyeza. Nikasema moyoni, msichana huyu ana akili, ametuongezea kitu. Angegonga ovyo ovyo, binti yangu, kama mtu anayekosa pumzi, nakuapia mtu angesimamisha wimbo akafungue. Lakini hakutoka kwenye mapigo hata kidogo. Nani angekata kitu kizuri kama kile?"

"Na wimbo ulipoisha?"

"Haukuisha. Nilimwonyesha fundi apunguze pole pole, sisi tukaendelea kupiga, ulikuwa umetukolea. Kisha tukahamia chumba cha mbele kusikiliza kanda. Tukairudia, tukairudia. Kila ikifika pale pa kugonga tulishangilia." Alinyoosha mkunjo wa suruali. "Baadaye sana mtu akauliza yule msichana yuko wapi."

"Mkamtoa?"

"Tukajenga ukuta."

Nje mtu alipita akipiga mluzi kibwagizo. Mpiga pasi alisubiri mluzi upite.

"Kwa nini mlisema ametoroka na mwanamume?"

"Ilibidi kusema kitu. Na hilo watu huliamini upesi, hasa ndugu."

Mpiga pasi alihisi hasira ikimpanda, ikafika shingoni ikakaa. Alikuja kwa jambo moja na hakutaka hasira imharibie. "Umalizie wimbo," alisema. "Siombi kingine. Yeye anasubiri mwisho. Noti moja tu ya kufungia, uipige, atoke."

"Akitoka atasema nini?"

"Ataomba njia ya kwenda kunyonyesha."

Kapteni alitafakari kwa uaminifu, hilo lazima lisemwe. Alikunja na kukunjua vidole vyake virefu kana kwamba anaitafuta noti yenyewe. "Wimbo mzuri hauishi, binti yangu," alisema mwishowe. "Lakini njoo ukumbini Jumamosi. Tunapiga na Chiriku, bendi nzima ya zamani waliobaki. Nitakuwekea nafasi mbele."

Alipotoka, mpiga pasi alipitia ilipokuwa bucha. Siku hizi ni duka la magodoro, lile lile la kwenye tangazo. Mwuzaji alikuwa amepanga magodoro mpaka darini kwenye ukuta wa nyuma.

"Ukuta huu unagonga," alieleza. "Ukiuwekea godoro unatulia. Vunja? Siwezi kuvunja, mama, mimi mpangaji tu." Alimruhusu apenyeze mkono kati ya magodoro mpaka kiganja kiguse plasta. Ilikuwa na uvuguvugu, kama mgongo wa mtu aliyelala. Alikaa hivyo mpaka mwuzaji alipopata mteja.

Hadi Jumamosi kulikuwa na siku za kujaribu jambo jingine. Mpiga pasi alilifikiria akiwa na pasi mkononi, akaunguza foronya kwa mara ya kwanza tangu aajiriwe. Wimbo ulipopigwa alifungua kabati la mashuka, akakaa sakafuni.

"Mama, hebu gonga vibaya."

"Vibaya vipi?"

"Nje ya mapigo. Ovyo. Ukigonga ovyo watasimama wakufungulie. Kapteni amesema mwenyewe."

Yule kijana alifikiri. "Nitawaharibia wimbo."

"Waharibie."

"Watu wamefanya mazoezi, mama." Lakini alikuwa mtoto mwenye adabu na hakutaka kumvunja moyo mtu mzima. Alinyanyua ngumi, akafumba macho, akagonga rafu. Ngo. Akasubiri, akakunja uso kama anayemeza kidonge kichungu. Ngongo. Kulikuwa kugonga kubaya kweli, kugonga kwa mlevi, na moyo wa mpiga pasi uliruka. Kisha redioni dramu ikarudi, na ngumi ya yule kijana ikateleza yenyewe ikaangukia mahali pake. Ngo, ngo, ngo-ngo. Akafumbua macho kwa aibu.

"Siwezi. Mkono hautaki."

"Jaribu tena."

"Ndivyo nilivyo, mama," alisema. "Hata kuosha vyombo naosha hivi hivi."

Matumaini yote yakabaki Jumamosi, na hayakuwa matumaini ya kijinga. Mpiga pasi alijieleza hivi: kwenye kanda fundi anaweza kupunguza sauti, lakini jukwaani watu ni watu na magitaa ni magitaa. Jukwaani wimbo hauna budi kuisha, hata kama wapigaji hawataki, kwa sababu watu huchoka mikono. Mama mdogo alikubaliana naye. Alifungua sanduku, akatoa blauzi nyingine ya zama zile, mpiga pasi akaipiga pasi kwa namna ambayo hata mashuka ya mganga mkuu hayajapata kupigwa, wakaifunga kwenye karatasi safi.

Ukumbi ulijaa mpaka madirishani. Mpiga pasi na mama mdogo waliziacha nafasi zao za mbele, wakasimama pembeni ya jukwaa, karibu na mlango wa stoo ya mafagio, uliokuwa mlango wa karibu zaidi. Kapteni alipanda na kofia yake, watu wakasimama. Chiriku alipiga goti mbele yake, watu wakalia. Wazee wa bendi walikaa kwenye viti vyao wakiwa na magitaa mapajani, na mpiga dramu, yule aliyewahi kukonyeza, aliinua vijiti. Walipiga vizuri. Haifai kusema uongo kwa sababu ya chuki: walipiga vizuri sana, na mama mdogo mwenyewe alijikuta akitikisa kichwa, akakizuia kwa mkono.

Magitaa yakanyamaza. Stoo ikagongwa, na ukumbi mzima ukagonga pamoja, viti, sakafu, vifua.

Mpiga pasi alifungua. Yule kijana alisimama kati ya mafagio.

"Shikamooni, mama zangu. Wimbo umeisha?"

"Unaisha sasa hivi, mama. Jiandae."

Yule kijana alijipangusa jasho kwa kiwiko, akafunga vifungo. Alimwona mama mdogo ameshika blauzi, akaikodolea macho. "Mdogo wangu ana kama hiyo," alisema. Akasogea. Unyayo wake mmoja ulikuja mpaka kwenye kizingiti, kiatu cha kisigino kinene, ncha yake ikatoka nje ya mlango kiasi cha kucha. Mama mdogo aliinama akakigusa kile kiatu kwa vidole, naye hakukirudisha ndani. Jukwaani walikuwa wakirudia kibwagizo cha mwisho, "Karibu, mlango u wazi", na ilibaki noti ile ya kufungia tu.

Kapteni akanyanyua mkono, kiganja kikitazama chini, akaushusha taratibu.

Bendi ikapunguza. Ikapunguza tena. Mpiga besi aliinuka bila kuacha kupiga, akashuka ngazi za jukwaa, vidole vikiendelea kwenye nyuzi. Wapiga magitaa wakamfuata mmoja mmoja, wakipiga kwa wororo kama watu wanaompapasa paka. Mpiga dramu alikuja wa mwisho, vijiti vikigonga mapaja yake, kisha ukuta wa ujia, kisha bodi ya gari dogo lililowasubiri nje na mlango wake ukiwa umeng'olewa. Wakapanda wakiendelea. Gari likaondoka wakiendelea. Muziki ulisikika barabarani, halafu kama unasikika, halafu mtu hakuweza kusema. Ukumbi ulikaa kimya kwa heshima, kisha ukalipuka kwa makofi. Hawakuwahi kuona umahiri wa namna ile.

Ncha ya kiatu ilirudi ndani.

"Bado," alisema yule kijana, na safari hii hakuwa akiuliza. Akawashukuru, akavuta mlango. Mama mdogo alibaki ameinama pale pale, vidole vyake viko sakafuni, na karatasi ya blauzi imefunguka upande mmoja.

Toleo la Chiriku lilipata tuzo mwaka huo, na tuzo ilikuwa kijimlango cha dhahabu kisichofunguka. Kapteni alipewa nishani. Inasemekana bendi ile bado inapiga popote ilipo. Wanakula kwa mkono mmoja na kulala kwa zamu, ili wimbo usije ukaponyoka ukaisha, na hivyo mtu akitaka kuwahurumia anayo sababu. Askari wa zamu alipandishwa cheo. Mwuzaji wa magodoro aliongeza safu nyingine.

Mpiga pasi alitundika nguo zake zote kwenye misumari, akaliacha kabati tupu, akaweka ndani mto na kitambaa kikavu cha kuweka kifuani, ambacho hukibadilisha kila jioni. Mama mdogo hukifua mwenyewe, hataki kifuliwe na mashine. Jirani akifungulia redio, mpiga pasi huacha anachokifanya akaenda kufungua.

"Shikamoo, mama. Wimbo umeisha?"

Jioni moja alichoka kusema kweli. "Umeisha," alijibu. "Toka tu, mama. Mtoto anakulilia."

Mama yake aliinamisha kichwa akasikiliza, si redio ya jirani bali mbali zaidi ya hapo, na kwa kitambo uso wake ulikuwa kama wa mtu anayetafuta sarafu kwenye maji. Kisha akatikisa kichwa bila lawama.

"Wanapiga bado. Mpiga besi amechelewa kidogo, amechoka masikini, lakini wanapiga." Alimtazama mpiga pasi, mvi zake, masikio yake, mikono iliyobabuka kwa mvuke. Alimtazama kuliko siku zote. Akanyoosha mkono akampangusa shavu kwa kidole gumba, kama anavyopanguswa mtu aliyepakaa uji. "Funga, mama. Usilie hapa, kilio kitaingia kwenye kanda."

Neno hilo, mama, mtu humwambia mwanamke aliyemzidi umri, na pia humwambia binti yake anapombembeleza. Mpiga pasi alisimama mbele ya kabati lililofungwa, akiligeuza geuza neno lile, na hakujua amepewa lipi. Angeweza kufungua tena akauliza. Aliogopa jibu moja kati ya hayo mawili, na baada ya kufikiri aligundua kwamba analiogopa na la pili.

Magitaa ya jirani yakanyamaza. Ndani ya kabati kukagongwa, ngo, ngo, ngo-ngo, na upande wa pili wa ukuta jirani na wanawe wakagonga meza. Mama mdogo aligonga kisu kwenye beseni, akashtuka, akakiweka chini. Mpiga pasi alikuwa ameegemeza kiganja kwenye mbao ili akusikie kugonga kule vizuri, na vidole vyake vilikuwa vimeshaingia kwenye mapigo.